Mstari wa Mzee Bura

Nyie vijana mnaopita hapa Karatu na magari ya watalii, vioo juu, redio inalia, mkimpungia mkono bibi anayeuza maparachichi kibarazani kwake, hebu simameni kidogo. Bibi huyo alishika usukani kabla baba zenu hawajaota ndevu. Niliendesha trekta la kijiji kule Mbulumbulu tangu enzi za vijiji vya ujamaa mpaka kiuno kikakataa. Siwaambii haya ili mnisifu, sifa hazipiki ugali. Nawaambia kwa sababu juzi mwenzenu mmoja alikaa hapa akisubiri wageni wake, tukazungumza habari za magari, akaniambia, "Bibi, gari ni chuma tu. Halina mambo mengi." Chuma tu! Yesu wangu. Kikombe kilinitoka mkononi, chai yote sakafuni, na kijana wa watu akadhani nimepatwa na kifafa.

Sikupatwa na kifafa. Maneno yale yale niliwahi kuambiwa na mtu wa mwisho duniani niliyetegemea ayatamke. Kaeni niwasimulie.

Aliyenifundisha kazi ni Mzee Bura. Alikuwa Mwiraqw wa Mbulumbulu, mrefu, mkavu, mwenye sauti ndogo kuliko mwili wake. Alianzia utingo kwenye mashamba ya ngano ya walowezi upande wa Oldeani, akapanda mpaka akawa dereva ambaye mstari wake wa kwanza shambani watu walikuwa wanakuja kuutazama. Mimi nilikuwa Mmachame niliyefuata mume aliyekuwa na duka la vitenge sokoni. Kijiji kilipopata trekta wakatafuta wa kujifunza udereva, na wanaume wakabishana wee nani anastahili. Nikanyoosha mkono. Mwenyekiti akacheka mpaka akakohoa, akasema basi na ajaribu, atachoka mwenyewe. Jamani, nilichoka kweli, lakini sikushuka.

Siku ya kwanza niliwasha trekta likiwa kwenye gia. Liliruka kama ndama aliyechomwa, likabeba banda la kuku la mwalimu. Mzee Bura hakunifokea. Alizima injini, akatoa manyoya kwenye boneti, akasema, "Ndeshi, kabla hujaliambia liende, liulize aliyekuwepo kabla yako aliliambia nini." Nikadhani anaongelea gia. Kumbe alikuwa anaongelea gia na kitu kingine.

Kitu chenyewe ni hiki, na msicheke kwanza. Mzee Bura aliamini kwamba mtu akitaka jambo kwa dhati, kutaka kule hakukai kichwani. Kunatoka, kunashuka mkononi, kunaingia kwenye kile alichoshika: jembe, usukani, udongo. Yeye alikuita nia. Jambo likiisha, nia nayo inalala. Lakini likikatizwa njiani, nia inabaki macho pale pale, inangoja. Na ubaya wake, alisema, haimjui mwenyewe. Ikipata mkono wowote unaopita, inautumia.

"Hata mkono wangu?" nikamuuliza.

"Hata wa mtoto."

"Sasa mzee, nia ya mtu aliyekufa je?"

"Hiyo ndiyo haina wa kuiita irudi."

Ndiyo maana timu yetu ilikuwa na desturi ambayo sijaiona kwingine. Dereva akimaliza zamu, hampi mwenzake funguo hivi hivi. Anaweka kiganja kwenye boneti, moto usimchome, anasema kwa sauti, "Nimeachia. Hapa hakuna changu." Halafu ndiyo anashuka. Wengine walikuwa wanacheka huku wanasema, ila walisema. Mimi mwanzoni nilikuwa nasema kwa Kimachame ili Mungu asinielewe vizuri.

Na alikuwa na mfano wake wa kukufunga mdomo. Plau ya trekta, lile jembe la nyuma, mnajua, inanyanyuliwa kwa haidroliki. Ukizima injini plau ikiwa juu, inabaki inaning'inia hewani. Mtu akija akagusa ule mkono wa kushushia, hata kwa kiwiko, chuma chote kinashuka juu ya miguu yake. "Nani aliyeinyanyua?" angeuliza Mzee Bura. "Yule aliyekwenda zake kunywa chai. Na itamvunja nani? Huyu aliyekuja kufuta vumbi. Sasa niambie nia haibaki." Basi wajukuu zangu, hili lishikeni hata kama mengine mtayatupa: chombo chochote chenye kunyanyua, kishushe chini kabla hujazima. Nimeona mguu uliopondwa. Sitaki kuwaeleza.

Nilijaribu kumkamata lakini. Siku moja nilikaa kwenye kiti cha trekta, nikafumba macho, nikatamani chapati kwa nguvu zangu zote, mpaka mate yakanijaa. Nikashuka bila kuachia. Mzee akapanda, akalima mzunguko mzima, akarudi, akashuka akiwa ameshika tumbo. "Njaa hiyo, we acha." Mae! Nilipiga yowe nikakimbia mpaka kwenye mapipa ya dizeli. Kumbe alikuwa hajanywa chai tangu alfajiri, mkewe alikuwa kliniki. Alipojua nilichofanya alicheka siku hiyo yote, na ndiyo mara yangu ya kwanza kuona meno yake ya nyuma.

Mara nyingine tulipeleka mahindi kwa tela mpaka Endulen. Njiani, huko juu kwenye baridi, tukasimama kuwapisha ng'ombe wa Mmasai mmoja wa makamo. Mzee Bura akamweleza nadharia yake, eti angalia, ng'ombe wako wanafuata njia hii kwa sababu ya nia ya babu zako waliowapitisha hapa. Yule Mmasai akasikiliza kwa heshima zote, fimbo begani, akamjibu, "Mzee, wanafuata maji." Akaenda zake. Tulicheka mpaka Endulen. Lakini Mzee Bura alipomaliza kucheka akasema, "Na maji yale, nani aliwaonyesha?" Hakuwa mtu wa kukubali kushindwa.

Sasa niwape neno moja la kazi, maana bila hilo hamtaelewa kilichotokea. Ukilima kwa plau ya sahani, magurudumu ya kulia yanatembea ndani ya mtaro uliochimbwa mzunguko uliopita. Mtaro unakushika. Usukani unakuwa mwepesi, unaweza hata kumenya muwa. Na plau yako huko nyuma inaufukia mtaro ule ule uliokuongoza na kufungua mwingine pembeni. Kwa hiyo yule anayefungua mtaro wa kwanza ndiye anayeamua shamba zima, na ukishapita wewe, mtaro wake hauonekani tena. Sisi ilikuwa ni utovu wa adabu kushuka kwenda kukagua mtaro wa kwanza wa mwenzako. Kumkagua Mzee Bura? Ungeonekana umerukwa na akili.

Mzee Bura alikuwa na mdogo wake, Gwandu. Watu walipohamishwa kupangwa kwenye mistari ya kijiji, Mzee Bura alikuwa mbali kikazi. Gwandu ndiye aliyekuwepo, akabaki kwenye nyumba ya baba yao na kipande kizuri cha ardhi kinachoizunguka. Mzee Bura aliporudi akaonyeshwa kiwanja chenye mawe. Hawakugombana kwa maneno. Waliacha tu kusalimiana, na hilo kwa ndugu wa tumbo moja ni baya kuliko ngumi. Mama yao mzazi, kikongwe tuliyemwita Bibi sote, alibaki kwa Gwandu, kwenye nyumba ile ile alikoolewa.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya kizamani. Leo mtaona chache sana. Wazee wa Kiiraqw waliichimba nyumba ndani ya mteremko, paa likawa bapa, la miti na udongo, likalingana na mlima kwa upande wa juu. Nyasi zinaota juu yake, mbuzi wanapanda. Ukitokea chini unaona mlango. Ukitokea juu huoni kitu, unaona majani tu. Na shamba la kijiji lilikuwa upande wa juu.

Sasa jioni moja Mzee Bura alikuwa amefungua mtaro wa kwanza kwenye kipande cha mwisho, kile kinachopakana na kwa Gwandu. Akaja ghalani, akanipa funguo. "Kesho unaanzia mtaro wa juu," akasema. Akaenda zake. Hakuweka mkono kwenye boneti. Hakusema nimeachia. Niliona, nikasema moyoni, leo mzee kachoka.

Asubuhi ukungu ulikuwa mzito, ule wa kwetu unaoshuka kutoka msituni na kukaa mpaka jua linapata aibu. Sikuiona hata boneti yangu vizuri. Ungekuwa wewe ungesubiri. Mimi nilikuwa na mtaro wa Mzee Bura, nitasubiri nini? Nikatia gurudumu mtaroni, nikashusha plau, nikaenda. Usukani ukajishika. Udongo ulikuwa unageuka vizuri, mweusi. Nikaimba. Mtaro ukaendelea, ukaendelea, mpaka nikaanza kujiuliza mbona kipande hiki leo kirefu. Nikajijibu, Mzee Bura hakosei.

Halafu mlio ukabadilika. Mnajua jinsi unavyokanyaga ardhi, na jinsi unavyokanyaga sanduku? Chini ya magurudumu ya mbele palikuwa na uwazi. Nikakanyaga klachi. Injini ikatulia kidogo, na katika ule utulivu nikasikia mtu anakohoa.

Chini yangu. Nasema chini yangu, ndani ya ardhi, chini ya trekta, mtu anakohoa!

Sijui niliweza vipi kuzima. Mti wa paa ukalia kwa kuvunjika, pua ya trekta ikainama, udongo ukamwagika ndani kama mtu anayemimina gunia. Kuku walipiga kelele huko shimoni. Mimi najiambia nimeua, nimeua, nimeua. Nikajitupa chini nikateremka kwa makalio mpaka mlangoni. Na mlangoni akatoka Bibi, mweupe kwa vumbi kichwa mpaka miguu, mwiko mkononi, akanitazama bila hasira, akauliza kwa Kiiraqw, ambacho nilishakijua, "Ni wewe? Yeye yuko wapi?"

Sikuelewa swali lile. Nilikuwa nalia, nampapasa mikono kama ni mizima. Ilikuwa mizima. Trekta lilisimama hatua chache tu kabla ya jiko lake.

Mchana kijiji kizima kilikuwa mbele ya ghala. Ukungu ulishaondoka na kila mtu alikwenda kuona: mstari mmoja ulionyooka, umevuka mwisho wa shamba, umekata nyasi, umeishia juu ya paa la watu. Mtaro wa Mzee Bura haukuwepo. Niliufukia mwenyewe. Niliowajua na nisiowajua walisema yao. Mwanamke kalala kwenye usukani. Tulisema. Mwanamke na mashine wapi na wapi. Gwandu alikuwa na hasira, na haki alikuwa nayo. Mwenyekiti akanyoosha mkono, akasema, "Ndugu Ndeshi, funguo." Nikampa. Nilijua zikitoka kwangu hazirudi, na kwamba hakuna binti atakayepandishwa trekta tena pale kijijini kwa sababu yangu.

Nikasema, "Ndugu Mwenyekiti, nilifuata mtaro. Muulizeni Mzee Bura mtaro wake uliishia wapi."

Mzee Bura alikuwa amesimama nyuma, kofia mkononi. Watu wakamfungulia njia. Nikashusha pumzi, maana nilijua huyu ni mtu asiyeweza kusema uongo hata kuhusu hali ya hewa.

Akasema, "Mtaro wangu uliishia mwisho wa shamba."

Wajukuu zangu, nimezika mume, nimeibiwa duka, nimeshuka na trekta lisilo na breki kwenye korongo. Sijawahi kushtuka kama pale. Sikujali tena adabu. Nikapiga kelele, "Mzee! Uliachia jana? Uliweka mkono? Nia yako uliiacha wapi?"

Hakunitazama. Akasema kwa ile sauti yake ndogo, "Hizo ni hadithi za kufurahisha kazi, Ndeshi. Nia haibaki popote. Trekta ni chuma tu."

Hata wale waliokuwa wananisema wakageuka kumtazama. Wote walijua desturi yake. Wengine walikuwa wameweka viganja kwenye boneti ile miaka na miaka kwa sababu yake. Ilikuwa kama padri asimame madhabahuni aseme hakuna mtu juu.

Hapo Bibi akainuka. Alikuwa amekaa kwenye kigoda kando ya Gwandu, hajajipangusa vumbi bado. Aliongea taratibu, na hakuongea na mwenyekiti wala na mimi.

"Bura. Jana jioni nilikuwa ndani, nasonga ugali. Nikasikia injini inakuja juu ya kichwa changu. Ikasimama. Haikwenda mbele, haikurudi nyuma, inanguruma tu, na vumbi likawa linadondoka kwenye chungu. Nikajua ni wewe, maana najua unavyokanyaga mafuta. Ningeweza kutoka. Sikutoka. Nilisema, wacha nikae hapa nimjue mwanangu."

Mungu wangu. Mwanamke yule alikaa chini ya trekta akisubiri. Gwandu alishika kichwa.

Mzee Bura alipiga magoti pale pale kwenye changarawe, mtu mzima na mvi zake. "Ni kweli, mama," akasema. "Nilivuka mpaka, plau ikiwa chini. Nilitaka nipite niing'oe nyumba ile, tukose wote. Nilijua umo ndani, ndiyo maana nikasimama. Nikarudi kinyumenyume mpaka shambani. Lakini ni mkono tu uliorudi. Nia sikuirudisha. Niliona uchungu kuirudisha, nikaiacha pale. Halafu nikamtuma Ndeshi aufuate mtaro ule asubuhi."

Bibi alimtazama. Nilidhani atamlaani. Nilidhani atalia. Akasema, "Siku nyingine ukitaka kunifukia, uje mwenyewe. Usimtume mtoto wa watu."

Akakaa. Mwenyekiti alinirudishia funguo. Hakuna aliyejua pa kutazama. Watu waliondoka mmoja mmoja bila mkutano kufungwa.

Mnaweza kuniambia mtaro ni mtaro, gurudumu lilifuata shimo, hakuna nia hapo. Kijana wangu wa juzi alisema hivyo hivyo nilipomsimulia, huku nafuta chai. Mimi sijasoma, siwezi kubishana. Ila najiuliza: shimo lile lilichimbwa na nini? Kwa nini plau iliyokuwa mikononi mwangu, mimi niliyekuwa naimba, sina ugomvi na mtu, ilikwenda kufanya kitu kile kile alichokitaka mwingine na akaogopa? Niliguswa na uchungu wa mtu mwingine, ukatumia mikono yangu, na sikuhisi chochote. Mpaka leo hilo linanitisha kuliko kuanguka kwa paa.

Ndugu wale wawili walilijenga lile paa pamoja. Sikusema walipatana. Nilisema walilijenga. Mmoja alikata miti, mwingine alibeba udongo, na Bibi aliwapa maziwa ya mgando kwenye kibuyu kimoja, akasimama pale mpaka wote wawili wamekunywa. Mzee Bura aliomba kijiji kimtoe kwenye udereva. Walimbembeleza, akakataa. Mimi sikumwongelesha. Nilikuwa na hasira naye jamani, hasira ambayo nilipokuwa nikimaliza zamu nilikaa muda mrefu nimeweka kiganja kwenye boneti kabla sijaweza kusema neno.

Halafu ukaja tena ukungu. Palikuwa na kipande kile kile cha kumalizia, juu ya kwa Gwandu. Safari hii nilishuka kwanza nikautembea mstari kwa miguu, na nyinyi mfanye hivyo, gari lolote, njia yoyote, hata kama aliyepita kabla yenu ni malaika. Nikarudi, nikapanda, nikawasha. Taa zikaangaza mgongo wa mtu. Alikuwa mbele tu ya trekta, usawa wa katikati ya magurudumu, fimbo mkononi, kofia imelowa.

"Mzee Bura! Toka hapo, nitakukanyaga!"

Hakugeuka. "Tia gia uje. Nitatembea mbele mpaka mwisho wa shamba."

"Ukiteleza je? Mimi sioni!"

"Ndiyo maana niko hapa," akasema. "Kama kuna nia yangu iliyobaki huku chini, ianze na mimi."

Nikatia gia ya chini kuliko zote, nikamfuata.